Gome la sekunde 40

Kijana wa pikipiki aliyetupandisha kutoka Miti alikuwa amesimama nyuma kabisa, kofia yake ya plastiki bado kichwani, akitazama filamu kwenye shuka tuliyoifunga kati ya miparachichi miwili. Picha ilipofika pale mzee anapobandua gome la mti, akauliza kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayeuliza bei ya nyanya: “Hilo gome, kilo moja wanalipa ngapi?”

Kabla hajajibiwa, watoto waliokaa mkekani mbele walishaanza kubishana. Hawakubishania mahali; hapo walipajua papo hapo. Walibishania njia: ile inayopita nyuma ya mashamba ya chai, au ile ya kijitoni? Mmoja wao, hata miaka tisa sidhani alikuwa ametimiza, aliinuka akanyoosha kidole mpaka kivuli cha mkono wake kikafunika nusu ya mlima. “Ni pale, chini ya bega.”

Nikamtazama msanii aliyeipiga filamu. Alikuwa ameshika rimoti ya projekta kwa mikono miwili. Jenereta iliendelea kunguruma, ikaja picha nyingine ya mama anayefinyanga chungu, watu wakacheka, jioni ikaendelea. Sisi wawili filamu iliyobaki hatukuiona tena.

Mimi ndiye niliyeihariri. Naandika kwa ridhaa ya msanii na ya mzee, kwa sharti lao: jina la mtu lisitajwe, jina la kijiji lisitajwe. Miti naitaja kwa sababu hakuna anayetoka Bukavu, huku mashariki mwa Kongo, kwenda Kavumu asipite pale (ndiyo, kituo kinaitwa Miti na kisa ni cha mti, sikupanga). Yote yalitokea 2024, kabla ya waasi wa M23 kuingia Bukavu mwezi wa pili wa 2025. Leo safari zile nisingezisimulia kwa wepesi huu.

Picha yenyewe

Msanii ni binti wa Kadutu, mtaa wa Bukavu, mchoraji kwa fani. Alianza na vibao vya barabarani: kichwa cha kinyozi chenye nywele za mraba, kuku mwekundu wa mgahawa, simu yenye miguu. Ukipita Kadutu bado utaona kazi zake mbili tatu, zimepauka kwa jua. Kamera aliipata baadaye, ya mtumba, na tangu hapo ana shauku moja: filamu za hali halisi kuhusu Batwa, watu asilia wa msitu, wanaoishi pembezoni mwa Hifadhi ya Taifa ya Kahuzi-Biega, na maarifa yao ya msitu, ambayo sisi wa mjini tunayanywa kama dawa bila kuuliza yametoka kwa nani.

Anapiga filamu kama anavyochora: anangoja mwanga. Picha ya gome aliingojea siku mbili kwenye baridi ya huko juu. Mzee amesimama mbele ya shina jeusi lililopasukapasuka vipande vya mraba, kama mgongo wa mamba. Analipapasa. Anakata mstari juu, mstari chini, mstari ubavuni, kisha anaingiza ncha ya panga na kubandua taratibu, na gome linatoka kwa mlio ambao maikrofoni iliudaka vizuri mno: kama mtu anayefungua bahasha. Ndani ni waridi, na ukikaza macho unaliona waridi likikolea kuelekea rangi ya kutu. Anachukua kipande cha ukubwa wa kiganja, basi. Anakinusa, anacheka peke yake. Na hapo, nyuma yake, ukungu unafunguka na mlima Kahuzi unajitokeza wote, mita 3,308.

Kufunguka kwa ukungu ndiko alikokuwa akikungoja. Bila mlima ni mzee na mti. Pamoja na mlima ni picha ya kutundikwa ukutani. Nami ilipofika kwenye meza yangu nilisema maneno ambayo leo yananichoma: “Bango tumelipata.”

Sasa, mlima una mabega. Bega lile, likionekana kwa pembe ile, na ncha ya shamba la chai upande wa kulia, huwezi kuliona hivyo ila ukisimama sehemu moja. Kilichoifanya picha iwe nzuri ndicho kilichoifanya iwe ramani.

Mti wenyewe si siri, nautaja: wataalamu wanauita Prunus africana. Huota kwenye misitu ya milimani, na gome lake hununuliwa na viwanda vya Ulaya vinavyotengeneza dawa za tezi dume iliyovimba. Biashara hiyo imeutafuna mti huu kiasi kwamba tangu 1995 umo kwenye Kiambatisho cha II cha CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe pori walio hatarini, yaani kuuvusha nje ya nchi kunahitaji vibali. Ni mti mvumilivu. Ukiuondolea gome upande mmoja na upande unaoukabili, ukaacha pande mbili nyingine bila kuziumiza, gome huota tena, mradi uusubiri miaka kadhaa. Ukiuchuna mzunguko mzima, chakula kinachotengenezwa majanini hakishuki mizizini, na mti hufa umesimama. Mnunuzi mwenye haraka huchuna mzunguko mzima, kwa kuwa anajua akiacha nusu mwenzake atakuja kuimalizia.

Na Bukavu ni mji unaoyajua magome. Kuna familia nyingi hapa ambazo mjomba au baba mkubwa alifanya kazi Pharmakina, kiwanda cha kinini, au kwenye mashamba yake ya miti ya kinini, na kinini, dawa ya malaria, hutoka kwenye gome. Kwa hiyo swali la motari, yule kijana wa pikipiki, halikuwa la mtu mbaya. Lilikuwa swali la mtu wa Bukavu.

Mpaka

Kulikuwa na jambo la pili, ambalo watoto hawakulisema kwa sababu kwao si habari: mti ule uko ndani ya parke, yaani hifadhi.

Asiyetoka huku anahitaji kidogo cha historia hapa. Mwaka 1937 utawala wa Kibelgiji uliutangaza msitu wa Kahuzi kuwa akiba ya wanyama na misitu. Mwaka 1970 ukawa hifadhi ya taifa, Mbelgiji Adrien Deschryver akiwa mbele katika kazi hiyo, ili kuwalinda gorila wa tambarare ya mashariki. Mwaka 1975 mipaka ikapanuliwa hadi kilomita za mraba zipatazo 6,000. UNESCO ikaiweka kwenye urithi wa dunia 1980, na kwenye urithi ulio hatarini 1997. Katika miaka hiyo ya 1970 Batwa waliokuwa wakiishi upande wa mlimani walitolewa, bila kupewa ardhi ya kuhamia. Mzee wetu alikuwa mtoto. Anakumbuka mbwa wa baba yake aliyekataa kutoka, basi. Mengine, anasema, aliyasikia kwa wakubwa.

Oktoba 2018 baadhi ya familia zilirudi juu. Yakafuata mapambano na walinzi wa parke, watu wakafa pande zote mbili, na miti mingi ikaangushwa kwa ajili ya makala (ndivyo tunavyouita mkaa huku) na mbao, huku wafanyabiashara wasio Batwa wakifaidi vizuri sana. Kisha sheria nazo zikaanza kusogea: 15 Julai 2022 ilitiwa saini sheria namba 22/030 ya kulinda na kukuza haki za watu asilia, na mwaka 2024 ukatangazwa uamuzi wa Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu kwamba serikali ilivunja haki za Batwa wa Kahuzi-Biega ilipowaondoa katika ardhi yao. Nilipousoma nilifurahi, kisha nikakumbuka kwamba mlinzi anayekutana na mzee njiani hajaagizwa na tume. Mkononi ana sheria ya uhifadhi, namba 14/003 ya 11 Februari 2014, na ndani ya hifadhi ya taifa kubandua gome ni kosa.

Ukiziangalia zile sekunde 40 za gome kwa jicho hilo zinageuka. Mzee, uso wazi, panga mkononi, gome mkononi, mlima nyuma ukithibitisha yuko upande gani wa mpaka. Sijawahi kuona polisi wa Bukavu akiandaa ushahidi safi namna ile.

Tena mjini kwetu kuna kambi mbili, utazisikia kwenye teksi yoyote kati ya Nyawera na Kadutu. Moja inasema Batwa ndio walinzi wa kweli wa msitu, ya pili inasema ndio wachoma makala. Sisi tulidhani tunatengeneza filamu ya kuijibu ile ya pili. Picha ile ingetosha kuwapa wote wawili ushahidi walioutaka.

Kionjo

Usiku ule tuliteremka hadi Miti bila kusemezana. Tulipokaa kunywa chai kusubiri gari la kurudi mjini, msanii akaanza kuzungusha kijiko ndani ya kikombe kilichokwisha kitambo.

“Mwalimu, kuna kitu sikukuambia.”

Wiki tatu kabla, alikuwa ametoa kionjo cha filamu. Sekunde 15 kwenye Facebook na kwenye status ya WhatsApp, na kati ya hizo karibu nusu ni gome, mzee na mlima. Jamaa walikipenda, wakakisambaza. Shangazi yake wa Uvira alikirusha kwenye kundi la kanisa. Nilitaka kukasirika nikakumbuka lile neno langu la bango. Alikifuta palepale, kile kiduara cha mtandao kikizunguka, kikizunguka. Lakini kufuta cha kwako hakufuti cha waliokwisha kukipokea.

Zikapita siku kumi na kitu. Mjukuu wa mzee akanibipu, nikampigia.

“Papa Mwalimu, ule mti wameuchuna.”

“Upande gani?”

“Pande zote. Kuanzia chini mpaka ngazi ilipoishia.”

Hapa lazima niwe mwangalifu, maana hapa ndipo visa vya namna hii huandikwa kwa uongo mtamu. Siwezi kuapa kwamba kionjo ndicho kilichomleta mchunaji. Wanunuzi wa magome wana wapelelezi wao tangu zamani, na hawahitaji Facebook kuujua msitu. Labda angefika tu. Labda alikuwa ameshafika, mti ukawa kwenye orodha yake hata kabla hatujapanda na kamera. Ninachoweza kusema ni hiki: kwa wiki tatu tuliweka hadharani mti upi, wapi, na namna ya kuufikia, na baada ya wiki tano mti ukawa umechunwa mzunguko mzima. Msanii anasema ni sisi. Mzee anasema ni fedha. Mimi sijaamua.

Karatasi

Nilijitetea kwanza kwa karatasi. Nilikuwa nayo kwenye faili: ruhusa ya kupiga filamu, kurasa mbili kwa Kifaransa, imetumwa na mfadhili wa Ulaya, imesainiwa na mwakilishi wa chama cha wanakijiji na kutiwa dole gumba la mzee. Mzee alipewa dola 20, familia mbuzi mmoja, chumvi na sabuni. Hakuna aliyelazimishwa. Kwa vipimo vya kazi yetu tulikuwa safi.

Nikaisoma upya, safari hii nikijaribu kukumbuka yale tuliyomwambia mzee kwa mdomo. Mkalimani wetu alifasiri kwa Mashi, lugha ya huku, lakini neno la kazi lilibaki la Kiswahili: kupiga picha. Na Kiswahili chetu kinabana mambo matatu ndani ya hilo neno bila mtu kugutuka. Kuna kupiga, kuna kuonyesha, kuna kutuma. Mzee alikubali kupigwa. Picha anazozijua yeye ni zile za mpiga picha wa sokoni: unapigwa leo, unalipa, unarudi wiki ijayo kuchukua karatasi yako, unaibandika ukutani, nayo inakaa hapo mpaka moshi uile. Picha ya namna hiyo haiendi popote bila mwenyewe. Ya kwetu ilikuwa imeshafika Uvira ikihubiriwa kanisani.

Kifungu cha sita cha karatasi kilisema picha zinaweza kutumika “kwa njia zote zinazojulikana na zitakazojulikana”. Nimekisoma kifungu hicho mara nyingi maishani na sikuwahi kukisikia mpaka siku niliyolazimika kukieleza kwa Kiswahili kwa mtu aliyekaa kwenye kigoda. Jaribu. Sentensi inakufa mdomoni.

Dola 20 nisizungumzie sana, ni aibu. Bajeti ya filamu ilikuwa na mstari wa “mawasiliano” uliozidi hapo mara kadhaa.

Uso

Tulirudi juu, msanii, mimi na mkalimani, tukiwa na suluhisho tayari. Nilikuwa nimelitengeneza usiku kwenye kompyuta wakati umeme ulipopatikana: nimeufunika uso wa mzee kwa ukungu, ile mraba-mraba inayocheza. Mlima nimeuacha. Mantiki yangu ilikuwa rahisi: anayeweza kukamatwa ni mtu, mlinde mtu. Mti ulikuwa umeshahukumiwa kufa. Na, niseme ukweli, ilikuwa njia ya kuiokoa picha.

Mzee aliitazama mpaka mwisho. Akaomba irudiwe. Kisha akamgeukia msanii, si mimi.

“Mwanangu, mimi nimeiba nini?”

Msanii akanyamaza.

“Hapa wanaofunikwa uso ni wezi wanaoonyeshwa na polisi, au mama zetu waliotendewa ule uchafu. Mimi niko wapi kati ya hao?”

Nikaanza kueleza habari za walinzi na sheria. Aliniacha nimalize, kwa adabu. Akasema walinzi anawajua kwa majina, nao wanamjua. Mmoja wao huja kwake kuchukua dawa ya tumbo. Anayemwogopa ni mtu asiyemjua anayekuja na ngazi. “Uso wangu uacheni. Ule mlima, mnaweza kuuondoa?”

Kwa miaka yangu yote kwenye kazi hii nimefundishwa, na nimewafundisha wengine, kwamba ukiwa na shaka funika uso. Haikuwahi kunijia kwamba mtu anaweza kutaka kinyume chake: yeye aonekane, kwake kusionekane. Na hoja yake ilikuwa na uzito kuliko yangu. Batwa wameonyeshwa miaka na miaka kwenye picha za wageni bila majina, kama sehemu ya mandhari, wakati msitu wenyewe unaandikwa kwa jina kamili na urefu wa mlima wake. Ukungu wangu ungeendeleza kazi hiyohiyo.

Bado sikukubaliana naye kabisa. Kuhusu walinzi nadhani anajiamini kupita kiasi. Anayekuja kwa dawa ya tumbo leo atahamishwa kesho, aje mwingine. Nilimwambia hivyo. Tukafika mahali pa kati: uso wake uonekane na sauti yake isikike, lakini akiwa uani kwake, nje ya mpaka, akizungumza. Ile picha ya msituni iondoke kabisa.

Kuondoka kabisa ni kazi, usidhani ni kubonyeza kitufe. Ilikuwa kwenye kadi ya kamera, kwenye diski mbili, kwenye kompyuta yangu, na kwenye kiungo tulichokuwa tumempelekea mfadhili. Msanii alikuwa pia na picha za simu za siku ile, na simu yake ilikuwa ikiandika nambari za mahali ndani ya kila picha bila yeye kujua. Ukiifungua kwenye ramani inakupeleka hadi shinani. Mfadhili hakupenda. Waliandika kwamba picha ile ndiyo “kiini” cha mradi, wakapendekeza kuugeuza mlima kwa kompyuta, kushoto uwe kulia. Msanii akajibu kwa mstari mmoja kwamba hachori milima ya uongo. Baada ya barua nne hivi wakafuta, au walisema wamefuta. Nakala ya mwisho tuliipeleka juu kwenye kompyuta, na mzee mwenyewe akabonyeza. Alibonyeza kwa nguvu, kama mtu anayeua kupe.

Makala

Kwa hiyo filamu ya dakika 26 ikabaki na shimo katikati. Mzee anazungumza uani kuhusu kubandua gome, na hatuoni akibandua. Nilipendekeza kulijaza kwa picha za mikono yake tu, karibu, kwenye mti mwingine wa bustanini. Msanii alikataa. Akanyamaza wiki nzima, kisha akanipigia simu niende kwao Kadutu.

Alikuwa amebandika karatasi kubwa ukutani, kamera kwenye stendi imeielekea, na chini sufuria ya vipande vya makala alivyochagua kwenye gunia la mama yake, vile vyembamba visivyofaa kwa mbabula, jiko la makala. Anachora picha moja, anaipiga kwa kamera, anafuta kidogo kwa kitambaa, anachora upya sehemu iliyosogea, anapiga tena. Picha nane kwa kila sekunde, kila moja ikikaa mara tatu ili zitimie 24. Sekunde 40 ni picha 320. Makala haifutiki yote. Panga linaposhuka linaacha nyuma yake kivuli cha lilipokuwa, gome linapobanduka alama yake inabaki shinani mpaka mwisho, kijivu juu ya kijivu, huwezi kuitoa hata ukisugua. Mlima hakuuchora. Nyuma ya mzee ni karatasi tupu iliyochafuka.

Tulipompelekea mzee kipande cha kwanza atazame, alivutiwa zaidi na makala yenyewe. Msanii alikuwa na vipande mfukoni. Mzee akakivunja kimoja, akatazama pale kilipovunjika, akakigonga kwa kucha. “Hili limetoka juu,” akasema, na akautaja mti wake kwa Mashi. Mama wa msanii alikuwa amelinunua sokoni Kadutu kama tunavyonunua sote. Hakuna aliyesema kitu. Nilijikuta nafikiria maharage yangu ya jana.

Sauti ilitusumbua kidogo. Ule mlio wa bahasha nilitaka kuuokoa, lakini nyuma yake, ukivaa vipokea sauti, unasikia lori likishusha gia kwenye kona ya barabara ya Walikale. Nayo ni ramani. Tukaufuta, mlio mpya tukaupata kwa kubandua ganda la mgomba nyuma ya nyumba. Msanii akanicheka: mlima wa uongo hapana, sauti ya uongo ndiyo? Sikuwa na jibu zuri, na mpaka leo sina.

Karatasi ya ruhusa tuliiandika upya, kwa Kiswahili, ukurasa mmoja, kisha ikasomwa kwa sauti na majibu ya mzee yakarekodiwa badala ya dole gumba. Inauliza mambo manne: kupiga nini, kuonyesha wapi, kumtumia nani, kufuta lini. Kwa “kuonyesha wapi” mzee alijibu popote, ila kwanza kijijini. Kwa “kumtumia nani” alifikiri sana, akasema asitumiwe mtu mwenye ngazi. Nimeiacha hivyohivyo. Fedha ya kila onyesho linalolipiwa inagawanywa mara tatu, na sehemu yao hupita kwa mama mmoja wa kijiji anayeaminiwa na wote, kwa M-Pesa.

Tukarudi na shuka na jenereta, miparachichi ileile. Watoto walikaa mbele. Picha ya makala ilipoanza walinyamaza, wakabaki kuitazama. Yule mdogo wa kidole akauliza pale ni wapi; mwenzake akasema ni Bunyakiri, mwingine akasema ni Uganda. Nikashusha pumzi.

Mzee alikuwa ameegemea fimbo yake. Filamu ilipoisha akamwita msanii.

“Mwanangu, kazi ni nzuri. Lakini ule mkono si wangu.”

“Vipi, Papa?”

“Mimi nashika panga kwa kushoto.”

Tulitazamana. Picha ile niliitazama, kwa hesabu ya haraka, labda mara 200. Nilikuwa tayari kuapa kwamba ni kulia. Msanii naye, aliyesimama mita tatu kutoka kwake siku mbili nzima, alikuwa amechora mkono wake mwenyewe, na yeye ni wa kulia. Kwetu pa kuhakikisha hapakuwapo tena, tulikuwa tumepafuta kila mahali.

Na kwa kuwa makala huacha alama, huwezi kurekebisha katikati ya karatasi. Unaanza karatasi upya. Mkono wenye panga uko kwenye karatasi mbili kati ya nne, picha 160. Jumatatu iliyofuata msanii alipanda pikipiki ya yule yule motari, karatasi zimeviringishwa mgongoni, kamera ameiacha nyumbani. Mzee alikuwa akimngoja uani na panga na kijiti cha mkaratusi cha kubandulia.

“Kaa huku,” akamwambia, “huko hutauona vizuri.”